Manowari ya Bomba Tatu na Njaa ya Makaa

Birika la nyumbani kwetu Mji Mkongwe lina ukoko mweupe ndani. Maji ya Unguja hupita kwenye mawe ya matumbawe kabla ya kutufikia, nayo huyayeyusha mawe hayo kidogo kidogo. Yanapochemka, chokaa hujitenga na kuganda kwenye bati. Kila baada ya muda lazima mtu akae na ndimu au siki aukwangue ukoko ule. Akiuacha, birika huchelewa kuchemka na makaa yanateketea bure kwenye seredani, maana moto unalazimika kuipasha chokaa kwanza ndipo joto liyafikie maji.

Habari ya vita nitakayoisimulia inaanzia hapo.

Alfajiri ya Jumapili, tarehe 20 Septemba 1914, manowari ya Kiingereza iitwayo Pegasus ilikuwa imetia nanga mbele ya mji wa Unguja. Vita Kuu vilikuwa na wiki saba tu tangu vianze. Pegasus ilizinduliwa mwaka 1897, na manowari za aina yake zilijulikana kwa mabwela yenye kusumbua. Ilikuwa imeingia bandarini kusafishwa mabwela hayo na kutengenezwa mitambo. Bwela la meli ni birika kubwa lenye mabomba mengi, na ukoko ndani yake una hatari kuliko kuchelewesha chai. Joto lisipopata njia ya kuingia kwenye maji hubaki kwenye chuma, chuma hulainika, na mwisho bomba hupasuka. Kwa hiyo hapana budi moto uzimwe, bwela lipoe, mafundi waingie na vyombo vyao. Kuupata mvuke tena ni kazi ya saa kadhaa.

Saa hizo Pegasus haikuzipata. Kutoka kusini ilitokea manowari ya Kijerumani Königsberg, ile ambayo watu wa mwambao walikuwa wamekwisha kuipa jina lao: manowari ya bomba tatu, kwa sababu ya dohani zake tatu. Ilianza kupiga ikiwa umbali wa zaidi ya kilomita saba. Mizinga ya Pegasus ilijibu, lakini makombora yake yaliangukia majini kabla ya kumfikia adui, na meli yenyewe haikuweza kusogea. Siku hiyohiyo ilizama. Mabaharia 38 walikufa, wengine palepale na wengine baadaye kwa majeraha. Baadhi yao wamezikwa kwenye kile kisiwa kidogo cha Chapwani kinachoonekana kutoka Forodhani.

Kisa hiki kwa kawaida husimuliwa kuwa ni ushindi wa mizinga mirefu juu ya mizinga mifupi, na ni kweli. Mimi naona mizinga imepewa sifa nyingi mno. Ukiwafuata manahodha wa meli hizo mbili siku baada ya siku, utakuta kilichowakosesha usingizi ni makaa ya mawe, maji ya mabwela na vipuri. Hata Königsberg yenyewe, iliyotoka bandarini hapa na ushindi, ilikuwa na njaa.

Ilikuwa imeondoka Dar es Salaam tarehe 31 Julai, kabla vita havijatangazwa, ili isifungiwe bandarini. Tarehe 6 Agosti, katika bahari ya Omani, iliikamata meli ya biashara ya Kiingereza City of Winchester, iliyokuwa ikitoka Bara Hindi na shehena ya chai. Ilikuwa meli ya kwanza ya biashara ya Waingereza kukamatwa katika vita vile. Chai haikuwafaa kitu Wajerumani. Walichokitaka ni makaa ya meli ile, nayo yalikuwa ya Kihindi, hafifu. Mpishi yeyote wa Unguja anaijua tofauti hiyo. Makaa ya mkoko ni mazito, hushika moto polepole na kukaa nao. Makaa ya mti mwepesi huruka cheche, huacha jivu tele, na kabla wali haujakauka umeshaongeza mara mbili. Makaa ya mawe nayo yana daraja zake. Yaliyotakwa na kila manowari yalitoka Wales: joto jingi, moshi kidogo. Makaa hafifu huziba matundu ya tanuri kwa majivu na kutoa moshi mweusi unaoonekana kutoka mbali. Kwa manowari inayojificha, moshi wa namna hiyo ni sawa na kupiga mbiu.

Ipo na hesabu ya mwendo, ambayo ni katili. Chombo kinapokata maji hupambana na msuguano, na hupambana pia na mawimbi kinayoyazusha chenyewe. Kwa kukadiria, nguvu inayohitajika hupanda kwa mchemraba wa mwendo. Ukitaka kwenda mara mbili ya mwanzo, mtambo hauhitaji nguvu mara mbili, unahitaji mara nane. Kwa kuwa safari itachukua nusu ya muda, kila maili itakula makaa mara nne. Königsberg iliweza kupita noti 23, na ndiyo sababu hakuna aliyeikamata ilipotoroka Dar es Salaam. Lakini kila saa ya kukimbia hivyo iliyatafuna makaa ya safari nzima ya pole. Jahazi linalotoka Ghuba na upepo wa kaskazi na kurudi na kusi halina deni la namna hiyo. Hungoja majira yake, likafika.

Waingereza waliijua njaa ya adui yao. Walinunua makaa yaliyokuwako katika bandari za Wareno kusini, ili Mjerumani asiyapate. Nahodha wa Königsberg, Max Looff, akaificha manowari yake katika delta ya Rufiji, ambako mito inagawanyika katikati ya mikoko mikubwa kuliko yote ya Afrika Mashariki, na meli ya kima chake haiwezi kuvuka fungu la mlangoni isipokuwa maji yakijaa ya bamvua. Alitoka huko kuja kuipiga Pegasus. Akarudi hukohuko, kwa kuwa mtambo wake nao ulikuwa umeharibika. Vipuri vilivyovunjika vilifunguliwa na kuburutwa kwa nguvu za watu, nchi kavu, mpaka karakana za Dar es Salaam, vikaungwa, vikarudishwa kwa njia ileile.

Kilichomfichua ni makaa. Mwezi Oktoba Waingereza waliipekua meli moja ya Kijerumani huko Lindi, wakakuta karatasi zilizoonyesha kwamba matishali ya makaa yalipelekwa Salale, ndani ya Rufiji. Tarehe 30 Oktoba 1914 milingoti yake ikaonekana juu ya mikoko. Mlango ukafungwa.

Berlin haikuisahau Königsberg. Mwezi Februari 1915 meli ya mizigo Rubens, ambayo Waingereza waliipoteza Hamburg vita vilipoanza, iliondoka Ujerumani ikiwa imejibadilisha. Ubavuni iliandikwa Kronborg, ilipeperusha bendera ya Denmark, ilijaza mbao juu ya sitaha, na mabaharia wake walisema Kidenmaki. Chini ya mbao zile yalikuwa makaa ya Königsberg, bunduki, makombora na risasi kwa mamilioni. Nahodha Carl Christiansen aliizungusha kaskazini ya Uskochi katikati ya msimu wa baridi, akateremka Atlantiki yote na kupita Rasi ya Tumaini Jema.

Bahari zile za juu zina adui asiyejulikana kwetu. Robo karne baadaye, katika vita vya pili, misafara ya meli za biashara ilipita kaskazini zaidi ya hapo kupeleka silaha na chakula Urusi, na mabaharia walisimulia jinsi rasharasha za mawimbi zilivyoganda zikigusa chuma. Barafu hujipanga juu ya sitaha, kamba na minara, uzito wa chombo hupanda juu, na meli iliyokuwa imara huanza kuyumba kama mtu aliyebeba gunia kichwani huku amesimama kwa mguu mmoja. Ikabidi waigonge kwa shoka na nyundo usiku na mchana.

Rubens iliipita baridi salama, ikaja kukwama kwenye joto. Waingereza walikuwa wakizisikiliza simu za upepo za Wajerumani, na tarehe 14 Aprili 1915 manowari Hyacinth iliingoja karibu na Tanga. Mtambo mmoja wa Hyacinth ukafa katikati ya kukimbizana (mitambo tena!), Christiansen akapata nafasi ya kuingia ghuba ya Manza. Akafungua maji yaingie tumboni mwa meli, akazitia moto mbao za juu. Waingereza waliona ndimi za moto, wakapiga, wakaondoka wakidhani kazi imekwisha. Shehena ilikuwa salama chini ya maji, na katika wiki zilizofuata ikaopolewa sehemu kubwa.

Lakini risasi zililowa maji ya bahari, na kuzianika juani hakukutosha. Tazama chumvi ya jikoni wakati wa masika: kijiko hakiingii, imeshikana na kutoa machozi. Chumvi ya bahari, hasa ile sehemu yake yenye magnesi, hunyonya unyevu wa hewa na kuurudisha pale ulipoondolewa, nayo huitafuna shaba. Risasi zilifunguliwa, zikasafishwa na kukaushwa, na bado nyingi ziligoma kulia mbele ya adui.

Makaa ya Rubens hayakuifikia Rufiji. Tarehe 11 Julai 1915 meli mbili za Kiingereza zisizozama kina kirefu, Severn na Mersey, ziliingia mtoni, ndege ikiziongoza kutoka juu, na Königsberg ikamalizikia kwenye matope. Mizinga yake kumi iliopolewa, ikafungwa magurudumu na kuingizwa katika vita vya bara.

Hapo hesabu ya makaa ikahamia kwa watu. Ng'ombe na punda hawakuweza kuivuta mizinga ile, kwa sababu mbung'o waliwaua njiani kwa nagana. Mizinga ikavutwa kwa kamba na watu mamia. Chakula, dawa na risasi za pande zote mbili zikabebwa kichwani. Tuseme mpagazi mmoja amebeba kilo 25 za unga, na yeye mwenyewe anakula kilo moja kwa siku. Siku ya 25 amefika mikono mitupu, mzigo wote ameula. Ikiwa lazima arudi, mwisho wa safari yake yenye faida ni siku ya 12, na hapo hajamwachia askari hata kilo mbili. Njia ya kuirefusha safari ni kuongeza wapagazi wa kuwabebea wapagazi chakula. Nao hao wanakula.

Afisa aliyepungukiwa na shehena alikuwa na njia nyingine ya kuisawazisha hesabu hiyo: kupunguza kibaba. Wapagazi wakafa kwa makumi ya maelfu, wengi zaidi kwa kuhara, homa ya mapafu na njaa kuliko kwa risasi. Kikosi chao upande wa Waingereza kiliitwa Carrier Corps. Jina hilo watu walilitamka kwa ndimi zao, na kambi yao ya Dar es Salaam leo ni soko la Kariakoo, ambako kuanzia asubuhi vijana wanapishana na magunia kichwani.