MIMEA NAYO ILISAFIRI



Mtu wa Arua au Koboko akienda kukata miwa Kakira au Lugazi, wenyeji humwita mgeni. Lakini muwa anaoukata ni mgeni zaidi yake, maana umetoka mbali kuliko yeye. Safari hii tunaeleza kwa nini mmea huu huota hapa na ule huota kule, na jambo hilo linatuhusu vipi sisi tunaoishi kwa jasho la shamba na kiwanda.

Makao ya mmea huamuliwa na mambo matatu: hali ya nchi, uwezo wa mbegu kusafiri, na mkono wa binadamu.

Tuanze na hali ya nchi. Mji wa Arua uko kiasi cha mita 1,200 juu ya usawa wa bahari. Ukienda kusini mpaka Paidha, nchi hupanda na baridi huongezeka. Ukishuka mashariki kuelekea Mto Nile, joto huzidi. Kwa kawaida, ukipanda mita 1,000 joto hupungua kwa nyuzi 6 hivi. Kwa sababu hiyo kahawa ya arabika, ambayo asili yake ni misitu ya milimani Ethiopia, hustawi upande wa Paidha, lakini kando ya Nile hushindwa. Kahawa haijui wilaya wala kaunti. Inajua baridi na mvua tu.

Jambo la pili ni mbegu. Tuutazame mti wa shea, ambao mama zetu hukamua mafuta yake. Huu ni mwenyeji halisi. Ukanda wake unaanza Senegal, unapita kusini ya jangwa la Sahara, na kufika kwetu West Nile, Sudan Kusini na Ethiopia. Gamba lake nene huukinga na moto wa nyika, nao huvumilia kiangazi kirefu. Popo, nyani na watu hula tunda lake na kuitupa mbegu mbele kidogo. Lakini mbegu hiyo ikikauka hufa upesi, haiwezi kukaa miezi ndani ya jahazi au meli. Basi mti huu ulienea polepole sana, hatua kwa hatua.

Mpaka wa serikali haukuuzuia. Nchi yetu hii ilikuwa sehemu ya Lado chini ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji tangu 1894, ikatiwa Sudan mwaka 1910, kisha Uganda mwaka 1914. Bendera zilibadilika mara tatu katika miaka 20, na mti wa shea ukabaki pale pale.

Jambo la tatu, mkono wa binadamu, ndilo lililobadilisha mashamba yetu kabisa. Wimbi na mtama ni nafaka za Afrika, zililimwa upande wetu huu wa bara tangu zamani sana. Lakini muhogo na karanga asili yao ni Amerika ya Kusini, na mahindi ni Mexico. Wareno waliuleta muhogo pwani ya Kongo katika karne ya 16, ukaingia bara kijiji kwa kijiji, maana kipande kimoja cha mti wake chatosha kuanzisha shamba. Hata posho tunayogawiwa kazini ni unga wa mgeni kutoka ng'ambo.

Muwa ulianza kulimwa New Guinea, ukapita India na nchi za Waarabu. Mwaka 1493 Columbus aliupeleka Amerika. Huko mashamba makubwa yalitaka mikono, na Waafrika wakachukuliwa utumwani kwenda kuukata. Lugazi kiwanda cha sukari kilianza 1924, na Kakira 1930. Wazee wetu kutoka West Nile walikwenda huko kwa vibarua, kwani kwao kodi ilidaiwa na kazi ya mshahara ilikuwa haba. Ndugu, mnaona wenyewe: mahali mmea wa biashara unapopelekwa, mfanyakazi hupelekwa nyuma yake.

Tumbaku nayo ni ya Amerika. Ilipoletwa West Nile wakati wa ukoloni kuwa zao la fedha, ilikuja na bani la kukaushia, na bani hula kuni. Hapo mgeni akaanza kumla mwenyeji. Miti ya shea imekatwa kwa kuni za tumbaku, na mingine kwa makaa ya kuuza mijini. Muhogo ukiharibika, mwakani utapanda tena. Shea hukaa miaka 15 hata 20 kabla ya kuzaa vizuri. Anayeukata leo anakata mafuta ya mtoto wake, na fedha ya makaa huisha kabla ya mwezi.

Hatusemi mimea ya kigeni ing'olewe. Muhogo umeokoa wengi kwa njaa. Tunasema hesabu ifanywe sawasawa. Anayenunua jani la tumbaku hulipa jani, lakini kuni zilizolikausha hulipwa na kijiji kizima. Gharama hiyo lazima iingie katika bei, na jambo hili lizungumzwe katika mikutano yetu pamoja na mishahara. Kuni za bani zitoke katika miti iliyopandwa kwa kazi hiyo, kama mkalitusi, ambao nao ni msafiri kutoka Australia. Na tunapofyeka shamba jipya, tuuache mti wa shea usimame.

Muwa, mahindi na tumbaku vina mabwana wengi duniani wa kuvitunza. Shea ina sisi tu.