Mbuzi wawili hawalipi kosa hili

Mwezi huu tuongelee jambo ambalo wengi wetu tunalisema kwa kunong'ona. Tuseme binti wa miaka 15 amebakwa na kijana wa jirani. Mama analia, baba anakasirika, wazee wanakaa chini ya mti. Kufika jioni mambo yameisha: mbuzi wawili, pesa kidogo, eti na kijana atamuoa. Watu wanapeana mikono. Binti mwenyewe hakuulizwa hata neno moja.

Wazee wetu tunawaheshimu. Mbuzi akila mahindi ya jirani, au mtu akikatalia deni, wao wapatanishe. Hapa Uganda hata sheria inazo mahakama za LC kwa mambo kama hayo. Lakini kubaka mtoto si deni kati ya familia mbili. Mzee hana ruhusa ya kulimaliza, na LC pia hana.

Kwa nini? Sikilizeni kesi ya jinai inavyoitwa mahakamani: ni Uganda dhidi ya mshitakiwa. Haiitwi kwa jina la baba ya binti. Nchi yenyewe inasimama kudai, hata kama aliyeumizwa ni mkimbizi asiye na ndugu wala pesa. Basi baba akipokea mbuzi, amesamehe kitu ambacho si chake.

Wengine wanasema: "Sisi ni wageni, mahakama ni ya wenyeji." Hapana. Mkataba wa Geneva wa mwaka 1951 unasema mambo mawili pamoja: mkimbizi atii sheria za nchi iliyompokea, na mahakama za nchi hiyo ziwe wazi kwake. Huwezi kuchukua moja ukaacha lingine.

Wengine tena: "Kwetu Kongo ilikuwa hivyo." Hata kwetu, sheria ya tarehe 20 Julai 2006 juu ya ubakaji inamhesabu aliye chini ya miaka 18 kuwa mtoto. Hapa Uganda, kulala na mtoto chini ya miaka 18 kunaweza kuleta kifungo cha maisha, hata kama mtoto "alikubali". Na ndoa pia, katiba ya mwaka 1995 inataka miaka 18. Kumuozesha binti kwa aliyembaka hakufuti kosa. Kunampeleka alale kila siku na mtu anayemuogopa.

Sheria hiyohiyo inamlinda na kijana. Msimpige, msichome nyumba yake. Mbele ya sheria bado hana hatia mpaka mahakama iamue. Polisi wakimshika, wanapaswa kumfikisha mahakamani ndani ya saa 48, na kama hajui lugha ya mahakama, atafutiwe mkalimani bila kulipa. Mtu akisingiziwa, hapo ndipo pa kujitetea. Chini ya mti, mwenye familia kubwa ndiye anayeshinda.

Jambo kama hilo likitokea, mzazi fanya hivi:

1. Mpeleke mtoto kituo cha afya upesi. Dawa ya kuzuia virusi vya UKIMWI inafaa ikianza kabla ya saa 72 kupita. Usingoje karatasi ya polisi ndipo atibiwe.
2. Asioge kwanza, na nguo alizovaa zisifuliwe. Ziwekwe kwenye mfuko wa karatasi.
3. Toa taarifa polisi. Daktari atajaza fomu ya uchunguzi, PF 3A.
4. Waone wafanyakazi wa ulinzi hapa kambini, wakusaidie safari ya mahakamani.
5. Usimgombeze mtoto. Kosa si lake.

Wazee, kazi yenu bado ipo, tena kubwa: kuipeleka familia polisi, kutuliza vijana wenye hasira, kuzuia binti asichekwe kwenye bomba la maji. Hiyo ndiyo heshima ya mzee. Mbuzi wabaki zizini.