Ndugu wa Alizeti Aishiye Kitulo

Wajukuu zangu, alizeti mnaijua. Na ninyi mnaokaa Mufindi mnaijua pareto, maua yake meupe yakianikwa uani. Leo nawasimulia ndugu yao wa milimani, ambaye hakupandwa na mtu.

Kwao ni Kitulo, uwanda ulio juu mita 2,600 hivi kutoka usawa wa bahari, kati ya milima ya Kipengere, Poroto na Livingstone. Wenyeji huuita Bustani ya Mungu. Mwaka 2005 ukawa hifadhi ya taifa, ukiwa bado wa mikoa ya Mbeya na Iringa, kabla wilaya ya Makete haijahamia mkoa mpya wa Njombe. Hifadhi nyingine tunazisifia tembo na simba. Hii ilitengwa kwa ajili ya maua! Ina mimea ya aina 350 hivi, na baadhi haioti kwingine kokote duniani.

Mvua zikianza Novemba, nyasi huchanganyika na rangi. Humo ndimo wanamochanua ndugu hawa wa alizeti, kundi ambalo wataalamu huliita Helichrysum. Usichume. Inama tu, utazame katikati ya ua. Ulichodhani ni ua moja ni vijiua vingi vidogo mno, vimebanana kama wanafunzi mstarini. Alizeti nayo ni hivyohivyo: kila mbegu unayoimenya ilitoka kwenye kijiua chake.

Sasa gusa kidogo pembeni. Unasikia vinavyochakacha? Hivyo si petali, ni vijani vikavu. Ukungu ukishuka, vijani hivyo hujikunja na kuvifunika vijiua. Jua likirudi, vinafunguka. Na kwa kuwa ni vikavu tangu mwanzo, ua likikatika halinyauki upesi, rangi yake hubaki muda mrefu. Majani ya chini nayo mara nyingi yana manyoya meupe, kinga dhidi ya jua kali la mchana na baridi ya usiku, ile ya Juni inayogandisha umande.

Ila ua lililozoea baridi hiyo haliwezi kuishi bonde la Usangu, kwenye joto la mashamba ya mpunga. Upepo hubeba mbegu zake, lakini zikiangukia bondeni zinapotea bure. Kwa hiyo nyasi za juu zikilimwa viazi, ua halina pa kuhamia. Hilo linanisumbua sana.

Mkienda Februari, bebeni kioo cha kukuzia. Mwombeni mwongozaji awaonyeshe moja lililochanua, kisha jaribuni kuvihesabu vijiua vyake.