Joseph Olita, Mwigizaji Aliyefanana na Amin

Joseph Olita alikuwa mwigizaji wa Kenya ambaye sura yake ilijulikana kuliko jina lake. Mwaka 1981, miaka miwili tu baada ya Idi Amin kupinduliwa Uganda, aliigiza nafasi ya dikteta huyo katika filamu ya Sharad Patel, iliyopigwa nchini Kenya. Umbo na uso wao vilifanana mno. Mwongozaji Mira Nair alimpa nafasi hiyohiyo katika filamu ya Mississippi Masala (1991), inayogusa kufukuzwa kwa Waasia kutoka Uganda mwaka 1972. Baadaye mwigizaji Forest Whitaker alipata Oskari kwa kumwigiza Amin. Olita, aliyemtangulia kwa robo karne, anastahili kukumbukwa zaidi. Alifariki mwaka 2014 huko Siaya.