Taka za Tabata Zilivyohamia Mtongani

Mwaka 1988 wakazi wa Tabata waliishinda Halmashauri ya Jiji la Dar es Salaam mahakamani. Jiji lilikuwa likimwaga taka jirani na nyumba zao, taka zinawaka, moshi na harufu vinaingia hadi vyumbani, nzi hawahesabiki. Mahakama Kuu ikaamuru zoezi hilo likome. Jiji halikukoma. Lilirudi mahakamani mara kadhaa kuomba liongezewe muda, hadi mwaka 1991 Jaji Lugakingira alipolikatalia, akishangaa kuona mamlaka ya umma inasimama mbele ya mahakama na kuomba ruhusa ya kuchafua mazingira ya watu. Aliegemea Ibara ya 14 ya Katiba, ile inayompa kila mtu haki ya kuishi.

Wanasheria wanaipenda hukumu hiyo, na wana sababu. Ila wengi huishia hapo, hawaulizi magari ya taka yalikwenda wapi baada ya Tabata. Yalikwenda Kunduchi Mtongani, upande huu wetu wa Wazo na Tegeta.

Wa Mtongani nao hawakukaa kimya. Mwaka huohuo wa 1991 mwombaji mmoja na wenzake 794 walifungua shauri namba 90 Mahakama Kuu, nao wakashinda. Mpango wa jiji ulikuwa umelitenga eneo hilo kwa makazi, kwa hiyo halmashauri ilikuwa inavunja mpango wake yenyewe. Mahakama ilitoa amri tatu: uamuzi wa kulifanya eneo hilo dampo ufutwe, umwagaji uzuiwe, na jiji litengeneze dampo mahali ambapo halitahatarisha afya za watu.

Amri mbili za kwanza zilikuwa rahisi kutekeleza, maana dereva huambiwa tu ageuze gari. Ile ya tatu ndiyo iliyokuwa na uzito, na ndiyo iliyosuasua. Taka zikahamia Vingunguti, zikatoka hapo zikaenda Mtoni, Temeke, na tangu mwaka 2007 zinamwagwa Pugu Kinyamwezi. Soma tena majina hayo. Masaki haimo, Oysterbay haimo, ingawa mwenye kipato kikubwa ndiye mwenye pipa linalojaa haraka. Vingunguti yenyewe, kabla ya kuletewa dampo, ilikuwa tayari na machinjio, mabwawa ya majitaka, viwanda, na Mto Msimbazi unaopita na uchafu wa wengine.

Hili ndilo wataalamu wanaliita haki ya mazingira. Swali lake halikomei kwenye kama hewa au maji yamechafuka. Linauliza nani anaivuta hewa hiyo na kuyanywa maji hayo, nani anafaidika, na nani aliulizwa kabla ya uamuzi. Mwaka 1979 mwanasosholojia Robert Bullard alihesabu madampo ya jiji la Houston, Marekani, kwa ajili ya kesi aliyoisimamia mkewe, ambaye ni wakili. Madampo yote 5 yaliyomilikiwa na jiji yalikuwa kwenye mitaa ya watu weusi. Kesi ile walishindwa. Sisi tulishinda mbili, na taka zikaishia vilevile kwa wanyonge. Ndiyo maana sikubaliani na wanaodhani tatizo letu ni uhaba wa sheria au wa majaji jasiri.

Kinachofanya kazi hapa ni bei ya kiwanja. Penye moshi na harufu, kiwanja na kodi ya chumba hushuka, na asiye na chaguo huenda palipo nafuu. Baadaye akilalamika anaambiwa, "Dampo umelikuta." Mwenye hati miliki anaweza kuweka wakili, au kuuza akahama. Mpangaji hana cha kuuza, na mkutano wa mtaa mara nyingi haumwiti. Halafu yuko muokota chupa, anayepata mkate wake palepale kwenye dampo. Likifungwa kwa amri ya mahakama bila yeye kufikiriwa, ushindi wa jirani yake unakuwa njaa yake. Ukweli huu wanaharakati wengi hawapendi kuugusa.

Hapa Wazo tunalijua jambo hili kwa sura nyingine. Kiwanda cha saruji kipo mlimani tangu mwaka 1966, na ghorofa nyingi za jiji hili zimesimama kwa saruji yake. Saruji hiyo inasambaa nchi nzima. Vumbi la machimbo na malori halisambai hivyo, linabaki na anayeishi karibu. Kiwanda kilipoanza kutumia gesi asilia ya Songosongo mwaka 2004 ilikuwa hatua ya maana, lakini gesi haiondoi vumbi la barabarani.

Udhaifu wa taratibu zetu, kwa maoni yangu, uko kwenye tathmini ya athari kwa mazingira. Mara nyingi mradi hupimwa peke yake, kana kwamba unajengwa nyikani. Ripoti inaweza kuonyesha kuwa madhara ya mradi mmoja yanavumilika, na ikawa kweli, huku mtaa uleule umeshabeba mingine minne. Mzigo wa jumla unapaswa kuwa sababu tosha ya kukataa kibali.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inampa kila anayeishi Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na kifungu cha 5 kinamruhusu kila mtu kwenda mahakamani kuitetea. Basi mwenyekiti wa mtaa akikuita kwenye mkutano wa mradi, nenda, hata kama umepanga chumba kimoja. Uliza ni nini kingine kimeshawekwa hapa. Na mradi ukikataliwa kwenu, uliza unapelekwa wapi, kisha wapigie simu watu wa huko kabla magari hayajafika.