Mkiachana, dhahabu ya harusi ni ya nani?

Siku ya harusi kila mtu anasifia seti ya dhahabu shingoni mwako. Hakuna anayeuliza risiti. Mkikosana ndipo unaambiwa, "Hiyo nilikuazima tu," au, "Si uliondoka nayo?"

Kifungu cha 15 cha Sheria ya Mali ya Wanandoa ya 2013 kinakulinda: zawadi uliyopewa na mwenzako mkiwa kwenye ndoa huchukuliwa kuwa yako kabisa, hadi athibitishe vinginevyo. Kifungu hicho hakitaji zawadi za mama mkwe wala shangazi. Na hata hiyo ya mwenzako, kortini utaonyesha kwanza kwamba mkufu ulikuwepo, ulipewa wewe, na sasa uko kwa nani. Anayedai ndiye anayethibitisha.

Kwa hivyo jipange mapema. Weka risiti ya sonara yenye uzito na karati. Piga picha kila kipande. Andika nani alikupa na lini. Video ya harusi usifute. Kama dhahabu ni mahari, kwa Waislamu hiyo ni haki ya mke, iandikwe.

Mwenzako akiuliza mbona unaweka risiti, mpe nakala.