Waliovuka Bahari na Mbegu, Mbuzi na Paka

Kondoo haogelei kilomita 70. Huo ndio umbali, kwa makadirio, kati ya pwani ya Uturuki na Kupro, kisiwa alikozaliwa Barnaba wa Matendo ya Mitume. Hata zamani, maji ya bahari yalipokuwa yamepungua, kisiwa hicho hakikuungana na bara. Basi wanaakiolojia wanapofukua huko mifupa ya kondoo na mbuzi yenye umri wa zaidi ya miaka 9,000, jibu ni moja tu: waliletwa kwa chombo.

Na hawakuja peke yao. Kupro kiliwahi kuwa na viboko wadogo na tembo wadogo, lakini walikuwa wametoweka kabla wakulima hawajafika. Ngano, ng'ombe, hata kulungu wa kuwindwa porini, vyote vilivushwa. Hebu mfikirie nahodha mwenye kulungu aliyefungwa miguu chomboni! Paka naye alikuwemo. Katika kijiji cha Shillourokambos, Jean-Denis Vigne na wenzake walikuta paka aliyezikwa mzima mzima karibu na kaburi la binadamu, miaka takriban 9,500 iliyopita. Walitangaza habari hiyo mwaka 2004. Wamisri waliosifika kwa kuwaenzi paka walikuja maelfu ya miaka baadaye.

Ng'ombe hawakudumu. Baada ya karne kadhaa walitoweka kisiwani, na katika kijiji kinachojulikana zaidi, Choirokoitia, walibaki kondoo, mbuzi, nguruwe na kulungu.

Porphyrios Dikaios alikigundua kijiji hicho mwaka 1934, kwenye mteremko ulio juu ya mto Maroni. Watu waliishi hapo tangu takriban mwaka 7000 KK. Nyumba zao zilikuwa za mviringo, kuta za mawe na udongo, kadhaa zikizunguka ua mmoja wa kusagia nafaka. Familia moja ilitumia nyumba zaidi ya moja, na kijiji kizima kilizungushiwa ukuta.

Vyungu hawakuwa navyo. Udongo waliujua vizuri, maana waliufinyangia kichwa cha sanamu na kuukandika ukutani, ila hawakuuchoma kuwa chombo. Bakuli zao walizichonga kwa mawe magumu ya kijivu, nyingine zikiwa na mdomo wa kumiminia. Mtu akisema hawa walikuwa washamba wa kale, aitazame bakuli moja tu kati ya hizo: kuta zake nyembamba zilisuguliwa jiwe kwa jiwe, siku baada ya siku.

Kinachonigusa zaidi ni makaburi. Maiti alikunjwa magoti hadi kifuani, akalazwa katika shimo lililochimbwa ndani ya nyumba, kisha sakafu ikasiribwa upya na maisha yakaendelea juu yake. Baadhi ya wanawake walizikwa na mikufu ya makombe ya baharini na shanga za akiki nyekundu, na bakuli za mawe zilizovunjwa makusudi. Watoto wachanga ni wengi mno chini ya sakafu hizo. Maiti wengine waliwekewa jiwe zito kichwani au kifuani, na wako wanaosema ni kwa hofu kwamba marehemu angerudi. Mimi naona vigumu kukubali. Anayemwogopa marehemu humzika mbali, hamlazi pale anapolala yeye na wanawe.

Kijiji kilihamwa katika milenia ya sita KK, na sababu bado inabishaniwa. Wakulima wa Kupro waliofuata walikuwa na vyungu, na wanaonekana baada ya pengo refu.

UNESCO iliiingiza Choirokoitia katika Urithi wa Dunia mwaka 1998. Karibu na magofu zimejengwa nyumba tano za mfano, mgeni aweze kuinama mlangoni na kuona upana wa ndani. Kijiji chenyewe kimefukuliwa sehemu tu. Nyumba nyingine bado zimo chini ya udongo wa mteremko ule, na wenyewe wamo chini ya sakafu zake.